Mume Wangu Ameniambia Nichague: Ndoa au Filamu

Admin, nakuomba unifichie jina, maana huku Msambweni sote tunajuana. Mimi ni mwanamke wa miaka thelathini na moja, nina mume na binti mmoja. Kwa muda mrefu nimekuwa nikimpikia bibi mmoja wa Kitaliano anayeishi Diani. Kwao ni mwigizaji mwenye sifa kubwa. Tuzo zake zimejaa sebuleni, na mimi ndiye ninayezifuta vumbi.

Mwaka jana mwongozaji wa filamu alitoka kwao akaja kurekodi pale pale nyumbani. Akatafutwa mwanamke wa Pwani wa kuigiza mke aliyeachwa. Bibi akasema, "Yupo jikoni." Nilicheka. Lakini kamera ilipowashwa, nilimfokea yule mume wa maigizo mpaka machozi yakanitoka, na mwongozaji akanipa nafasi hiyo.

Mume wangu ndiye aliyenipa ruhusa, tena akajisifu kwa wenzake. Filamu ilipoonyeshwa Ukunda, akainuka akatoka katikati. Nyumbani akaniambia, "Umenidhalilisha. Watu wananiuliza kama ndivyo unavyonifokea mimi."

Nikamjibu, "Baba Mariamu, yale ni maigizo tu." Akanipa mgongo.

Sasa nimeitwa Italia kwa filamu nyingine, na safari hii mhusika mkuu ni mimi. Mume wangu amesema, "Ukipanda ndege, talaka yako iko tayari."

Nilimwendea bibi nikilia. Akanikalisha. Akaniambia na yeye alipokuwa anavuma, mumewe alimtaka achague. Akaacha kazi ili ainusuru ndoa, na mume akaenda kwa mwanamke mwingine vile vile. Aliporudi kwenye uigizaji, umri ulikuwa umekwenda, akawa anapewa nafasi za mama na nyanya. "Hizi tuzo nyingi nimezipata uzeeni," akasema. "Lakini zile filamu nilizozikataa bado naziota. Sikwambii uende. Nakwambia kilichonipata."

Jamani, mimi nitakwenda. Sikuvua nguo, sikumvunjia mtu heshima, na mtandio wangu ulikuwa kichwani. Kama kumfokea mume wa uongo kunavunja ndoa ya kweli, basi ndoa hiyo ilikwisha kupasuka zamani. Nilimwambia mume wangu hivyo usoni pake, na sijutii.

Anayeniumiza ni mama. Nilimwamkia shikamoo, nikamweleza yote. Akasema, "Mjukuu wangu niletee, nitamtunza. Lakini usiniombe nikuombee dua, mwanangu. Mimi baba yako aliniacha, naujua uchungu wake. Wewe unaufuata kwa miguu yako?"

Nikamwambia, "Mama, kile kilio nilicholia kwenye filamu ni chako. Nilikuwa mdogo, lakini nilikuwa nakusikia."

Akainamisha uso, akaendelea kuchambua mchele. Hajaniambia neno mpaka leo.

Kwa hivyo msihangaike kuniambia niende au nisiende. Tiketi imekwisha kukatwa. Nishaurini hili moja tu, hasa nyinyi mlio na mabinti: nifanye nini ili mama anipe radhi yake kabla sijaondoka?