Swali Ambalo Kitabu cha Warumi wa Kale Hakikuuliza

Juzi, ndani ya basi la Morse Road, huku ugenini, nilikaa nyuma ya mama mmoja wa Kivu aliyevaa sare ya kazi ya kutunza wazee. Jirani yake, mwanamume mwenye kizibao cha ghala, alikuwa akisoma darasa la watu wazima, na sasa alimtafsiria mama kutoka Kiingereza somo la Warumi wa kale.

"Askari alikuwa mukulima," alisema. "Akaenda ku vita miaka mingi. Kurudi, akakuta matajiri wamekamata shamba yake, wameweka watumwa wanalima."

Mama akavua miwani. "Kama ya kwetu: tulikimbia vita, wengine wakakamata mashamba. Bon, haya, mwalimu anauliza nini?"

Mwanamume akafuata mistari kwa kidole: "Taja faida tatu za mashamba makubwa kwa uchumi wa Roma."

"Faida?" Mama alipaza sauti hadi abiria wawili wakageuka. "Na ule askari mwenye shamba, swali yake iko wapi?"

Mwanamume akafunua ukurasa wa pili, akarudi wa kwanza. Swali hilo halikuwepo.

Nilichemka. Mkulima aliporwa zaidi ya miaka elfu mbili iliyopita, na bado tunamsifia aliyempora! Mwizi akishakuwa mkubwa, wizi wake huitwa uchumi, na walioporwa majuzi huketi darasani kuutafutia faida ili wapate alama.

Mama akanyoosha mkono. "Leta bic." Akapokea kalamu, akaandika chini kabisa ya ukurasa, kwa herufi kubwa: SHAMBA WALIRUDISHA?

"Mama, ile haina pointi," mwanamume alinong'ona.

"Najua," akasema, akisimama kushuka. "Ujibu ile kwanza."