Supu nyeusi ya shemeji: karibu dada yangu akose bwana kwa ajili ya kijiko

Wakuu, salamu kutoka Uvira, Kongo.

Mie si muntu wa kusoma sana, mtanivumilia. Lakini kila siku naandika kwenye daftari, na kabla ya kuposti hapa nimelisoma tena nisije nikaongeza chumvi. Nisipokumbuka vizuri nitasema.

Kuna fundi wa motere za boti hapa, jina Jamil. Ni Mtausug, watu wa visiwa vya kusini mwa Ufilipino. Alimpenda dada yangu Furaha.

Baba, mkulima wa Katogota, hakukataa wala hakukubali. Alisema: "Nitakula kwake kwanza. Kisha nitajibu."

Basi Jamil akaamua kupika tiyula itum, supu ya nyama ya kwao. Aliniita Kilibula anapokaa, nimsaidie.

Wakuu, aliichoma nazi juu ya makala ya moto mpaka ikawa nyeusi tititi. Nazi yenyewe ilitoka Kigoma na boti, hapa haipatikani ovyo. Nikamwambia, "Kaka, imeungua, tupa."

Akacheka. "Hiyo ndiyo supu yenyewe."

Tukaitwanga na tangawizi, manjano, mchaichai na pilipili, akaitia kwenye nyama ya ng'ombe. Akanieleza kwamba kwao zamani ilikuwa chakula cha masultani. Hata leo arusi bila supu hiyo, watu wanasema umewadharau wageni.

Nilikuwa pale tangu mwanzo. Niliona kila kitu kilichoingia kwenye sufuria. Mshike hilo.

Saa saba mchana Baba akafika na shangazi Nabintu. Bakuli zikawekwa mezani.

Shangazi akachungulia. "Hii iko supu ao mafuta ya motere?"

Hakuna aliyegusa kijiko. Kwetu anayekupa chakula ao pombe anaonja kwanza, uone hakuna sumu. Hata jirani wa miaka mingi anaonja. Haikuwa kwa Jamil peke yake, nisimwonee Baba.

Jamil naye alisimama ukutani, mikono nyuma, anatabasamu. Kwao mwenye nyumba hali mpaka wageni washibe. Alikuwa ameniambia asubuhi.

Kwa hiyo mie nilijua ya huku na ya kule. Na nikanyamaza.

Nilijiambia ni heshima, sitangulii mkubwa. Lakini kwenye daftari niliandika "niliogopa", na nadhani daftari liko na haki. Ile rangi ilinitisha hata mie niliyetwanga.

Supu ikaanza kupoa. Furaha alikuwa kwenye mlango wa jikoni, anakunja kitenge na kukikunjua.

Baba akaniinamia: "Huyu anangojea tukufe ndio akule?"

Akachukua kofia yake. Akasimama.

Hapo ndipo mdomo wangu ulifunguka. "Jamil, onja!"

Akashtuka. "Mie nikule mbele ya Baba? Kwetu ni matusi!"

Shangazi akamtazama, akamtazama Baba, akaangua kicheko. "Kumbe weye unamuheshimu, na yeye anakuogopa! Lete kijiko chako. Tukule wote mara moja. Moja, mbili..."

Tatu, vijiko vinne vikaingia mdomoni pamoja.

Pilipili ikamtoa Baba machozi. Akanywa maji. Akarudia kijiko. Akamaliza bakuli, akaomba la pili.

Jibu la ndoa hakulitoa waziwazi. Aliuliza tu: "Siku ya arusi, sufuria itakuwa kubwa namna gani?"

Furaha akakimbilia jikoni. Sijui kama alilia, sikuona, siandiki.

Nilichojifunza: Baba hakukosea, Jamil hakukosea. Aliyekosea ni aliyejua desturi zote mbili akakaa kama bubu. Ukiwa katikati ya watu wawili, sema mapema, hata kama sauti inatetemeka.

Ninyi mlio na wakwe wa mbali, siku ya kwanza ya kula pamoja ilikuwaje? Na mkiona nimemwonea mtu hapa, niambieni, nitarekebisha.