Mashine Iliyoitikia Baraka

Padri aliposema, "Amani iwe katika nyumba hii," aliyeitikia hakuwa mimi.

"Ti-ti-ri-riii!"

Sauti ilitoka chini ya msalaba.

Jamani! Mimi mjane, misa sikosi, leo meza yangu ya baraka inapiga kelele za gemu!

Ngoja nieleze.

Binti yangu Jagoda anatunga muziki. Kampuni moja hapa mjini Radom ilimwagiza wimbo wenye sauti za gemu za zamani, zile za utotoni mwa rika lake. Akaagiza mashine halisi ya gemu kutoka Japani, akanasa milio yake yote, akaitumia kutengeneza wimbo kwenye kompyuta.

Bosi akaukataa mara mbili. "Mzuri, ila siyo wa kwetu. Jumatatu nampa mwingine kazi."

Mtoto hali, halali.

Siku ile padri alikuwa akipita nyumba kwa nyumba kubariki, kama kila mwaka baada ya Krismasi. Jagoda alikuwa ameiunganisha kwenye runinga ndogo ya mezani mashine aliyonunuliwa na marehemu baba yake, feki ya sokoni, ajiliwaze kidogo. Akaiacha gemu imesimama, akaenda jikoni.

Mara hatua ngazini! Nikafunika kila kitu kwa kitambaa cheupe, nikasimamisha msalaba juu. Kumbe umekalia kitufe cha kuanzisha gemu.

"Mama! Umefanya nini?" Jagoda akaninong'oneza.

"Nyamaza, piga ishara ya msalaba!"

Padri Ireneusz, wa rika la Jagoda, alibaki kaduwaa na maji ya baraka mkononi. Kisha akacheka mpaka mabega yakatikisika.

"Hii ndiyo yenyewe! Hata kwetu ilikuwepo!"

Jagoda akamwekea wimbo wake. Padri akakunja uso.

"Huu msafi mno, dada. Mashine yetu ililia kama ina mafua."

Jagoda akashika kichwa. "Mama, sote tulikua na feki! Nani hapa aliwahi kuisikia halisi?"

Hata keki yangu hakugusa. Akanasa milio upya, safari hii kwenye ile ya baba yake.

Jumatatu bosi alisikiliza, kisha akauliza, "Umeingiaje kwenye chumba changu cha utotoni?"

Kazi akapewa.

Mume wangu Zdzisław alikufa akiamini amewanunulia watoto mashine halisi. Nami nawaambia wenzangu: alichokuletea mtu kwa mapenzi, usikionee haya.

Msalaba umerudi ukutani. Kitambaa cheupe nimekiacha palepale, juu ya mashine, kwa heshima.