Filamu Niliyoianika

Utotoni nilianika dagaa Igogo, kando ya ziwa, na harufu ile haijanitoka mpaka leo. Juzi mjukuu wangu kaniletea miwani inayogeuka nyeusi juani. "Ni fotokromiki, babu. Mwanga huibadili rangi, kivulini inarudi nyeupe."

Nikamkumbuka mpiga picha aliyekuja kwa ajili ya mama, ambaye alikuwa mgonjwa na hakuwa na picha hata moja. Alimpiga picha, akatoa filamu, akaiweka kwenye kigoda, akaenda kunawa ziwani. Mimi nikadhani picha nayo hukaushwa, nikaikunjua katikati ya dagaa.

"Nani kafungua hii?" akauliza aliporudi.

"Mimi. Shikamoo. Naianika."

"Marahaba. Jua limeila yote, mwanangu. Mama hayumo tena, na sina filamu nyingine."

Mama akacheka mpaka akakohoa. "Basi utarudi, baba."

"Nitarudi," akasema, akabeba kamera yake, akashika njia ya Usagara. Hakurudi, na mama hakuweza kumngoja.