Askari Aliyeficha Muguu Wake

Siku ya kwanza ya kazi nilivaa bluzi nyeupe iliyopigwa pasi na mama yangu, nikifikiri nitaanza kwa kufundishwa masaji. Masera, mutawa aliyekuwa mukubwa wetu, alinipeleka moja kwa moja mbele ya askari aliyeanguka kwenye sakafu ya sima, magongo yake pembeni. Nikakimbia kumuinua. Masera akanishika mukono.

"Ukimuinua leo, kesho kwake nani atamuinua? Mufundishe kuinuka."

Ninyi munaosomea kazi ya kine, kazi hii ya kurudishia watu nguvu za viungo, sasa mutalikuta neno hilo ndani ya vitabu, limeandikwa kwa urefu. Mimi nililipokea hapo, mugonjwa akituangalia kutoka chini.

Majeruhi waliletwa na kamio, malori ya jeshi, kutoka vitani, upande wa Kibati na wa Sake. Muganga wa hospitali alikata, sisi tukapokea kilichobaki. Kigutu cha muguu tulikifunga bande, kitambaa cha kuvutika, kwa mufano wa namba nane, ikikaza kwenye ncha na kulegea kuelekea juu, ili uvimbe ushuke na siku moja kiingie ndani ya protezi, yaani muguu wa kutengenezwa. Mito chini ya kigutu tulikataza, maana nyonga ikizoea kujikunja mutu hatembei vizuri, hata umupe muguu wa dhahabu. Wagonjwa walituchukia kwa ajili ya mito hiyo.

Baadaye nilihamishwa kwenye kituo kingine, upande wa Himbi. Dokta mukurugenzi wa pale alipenda utaratibu: jamaa wa wagonjwa walibaki inje, na sale, chumba kikubwa cha mazoezi, ilikuwa ya wagonjwa na sisi tu. Hapo nilimupokea Kasereka, askari wa upande wa Butembo, aliyekatwa juu ya goti. Alijikaza kuliko wote. Nilimusifu, mpaka nikajua sababu. Bibi yake wa ndoa hakujua kitu, na wenzake alikuwa amewakataza kusema. Alitaka kufika kwake akitembea, suruali ndefu, viatu viwili, ndipo aeleze pole pole. Nilimuambia protezi itakawia. Akajibu kwamba bibi atangoja.

Bibi hakungoja. Asubuhi moja, Kasereka akiwa katikati ya vyuma viwili vya kujishikilia, kaptula fupi, kigutu wazi, mwanamuke mwenye kikapo akampita mulinzi na kuingia. Kasereka alipomuona aliachilia vyuma ili ajifunike kwa mikono. Akaanguka.

Mwanamuke hakupiga kelele. Aliweka kikapo, akakunja kitenge, akakaa kwenye sima karibu naye. Kasereka akageukia ukuta, akamuambia arudi kwao atafute mwanaume muzima.

"Waliniambia umekufa," bibi akasema. "Nimekaa matanga yako, mpaka musafiri moja akaniambia alikuona hapa. Nilishalilia mutu muzima, Kasereka. Muguu moja hauwezi kunitisha."

Kasereka akageuka kutoka ukutani. Kisha akashika chuma, akajivuta, akasimama mbele ya bibi yake. Siku hiyohiyo nilimufundisha mama huyo kufunga bande.

Dokta alimukuta mama huyo ndani, akaniita ofisini. Alisema nikifungulia mumoja, kesho tutakuwa na soko mule.

Nikamuambia, "Dokta, sisi tunakaa naye saa moja kwa siku. Yeye atakaa naye maisha."

Akanirudisha kazini. Lakini juma lililofuata tulikuta benchi imewekwa ndani ya sale, kwa ajili ya jamaa.

Kasereka alipata protezi yake, wakarudi kwao pamoja. Habari zao zilinifikia kwa muda, mpaka barabara ilipoharibika na vita.

Mimi nimeenda pansheni, vita haijaenda. Vidole vyangu vinauma wakati wa mvua, lakini majirani bado wananiletea watu, na tunafanya mazoezi hapa kwenye parsela, kiwanja cha nyumba yangu, wakishikilia ukuta wa mawe ya volkano. Juzi waliniletea kijana moja aliyekatwa muguu. Mbele ya kugusa kigutu chake nilimuuliza nani kwao anajua. Akainamisha kichwa, akasema hata mama yake hajui. Nikampa simu yangu, nikamuambia zoezi la leo ni hilo tu, nikaingia jikoni ili aongee na mama yake.