Urbain Ndani ya Jeneza

Hapa Kamina, Urbain Nkulu anatunga filimu, anashika kamera, anawashonea waigizaji nguo, na mtu akikosekana anaigiza mwenyewe. Juzi mwigizaji wetu alikataa katakata kulala ndani ya jeneza, eti ni kujiitia kifo. Basi Urbain akalala yeye.

Kumbe mpumbavu mmoja kati yetu alirusha kipande hicho cha video kwenye WhatsApp bila kusema ni filimu. Mama yake Urbain, aliyeko Bukama, akapanda treni na kikapu cha samaki wakavu wa matanga. Akafika analia, akamkuta mwanawe mlangoni anakula bukari, ugali wetu wa huku.

Alimzaba kibao, akamkumbatia, akacheka mpaka akaketi chini.

“Mutoto weye! Filimu ingine, miye njo nitalala mu sanduku. Weye utalia, nikuone kama unajua.”