Nilichoma Picha Iliyokuwa Ikimwamsha Mjukuu Wangu

Ulikuwa ule mwaka tuliokula magimbi asubuhi na jioni, mchele wa Dakawa tukiusikia kwa jina tu. Kosa ni langu, simsingizii shetani.

Mimi ugoro niliuacha kwa picha. Nilitundika Kaaba ukutani. Mkono ukienda kwenye kikopo naitazama, naona haya, naurudisha. Nikaacha kabisa! Basi nikajiona fundi wa picha, na mjukuu wangu nitamnyoosha hivyohivyo.

Mama yake, binti yangu, alishafariki. Sisi Waluguru mtoto ni wa upande wa mama, nikamlea mwenyewe huku mlimani. Juu ya kitanda chake alibandika picha ya mama yake kainama bustanini, anapalilia kabichi. Nikaona inamliza tu. Nikamletea kalenda yenye nesi, nguo nyeupe, viatu vinang'aa.

"Mke mwenzangu, mtazame huyu ndio uamke usome!"

"Bibi, huyo si nesi, anatangaza sabuni," akacheka. Kesho yake nakuta nesi kageuzwa, kaangalia ukuta.

Alipofeli mtihani wa majaribio nikapandisha hasira. Nikaibandua ile ya mama yake, nikawashia moto. Ilikuwa moja tu, jamani! Hata mimi mwanangu nilikuwa namuona hapo tu.

Hakupiga kelele. "Bibi, mimi alfajiri nilikuwa naamka kwa ile. Nikimuona mama kainama, naona aibu kulala."

Kumbe! Badala ya kusema nisamehe, nikamtuma maji.

Akashuka mjini kwa baba yake. Mjukuu wa Kiluguru kwenda kulelewa upande wa baba, na bibi yake yupo hai! Jirani yangu hakunificha: "Bibi wee, kiburi hicho ndio utalala nacho? Shuka ukamwombe radhi."

Nikamjibu: "Mimi sishuki mlima kumwomba radhi mtoto niliyembeba mgongoni."

Sasa napika gimbi moja, nusu linalala. Naongea na kuku. Nyie wenye wajukuu, picha ya kumwamsha mtu anaijua mwenyewe. Msimtundikie ya kwenu! Na mkikosea, semeni siku ileile, mdomo haujawa mgumu.

Juzi baba yake kapiga simu. "Shikamoo mama. Mtoto anauliza utakuja lini."

Khanga ya kutokea nilishaishika mkononi. Nikausikia mdomo wangu unasema: "Mimi sishuki mlima kumwomba radhi mtoto niliyembeba mgongoni."